Goli la Miaka Thelathini na Moja

Kijiwe chetu kiko Lango la Pili, pale korido ya mabomba inapokutana na ngazi za kupanda kwenye darubini. Benchi ni la chuma, lilitolewa kwenye chombo cha anga kilichozeeka. Birika la kahawa ni langu, kwa hiyo kila linalosemwa hapa lazima lipite masikioni mwangu kwanza. Darubini yetu, jamani, si mchezo: kioo chake ni kipana kuliko mtaa mzima, na inaiona dunia tuliyoihama kama wewe unavyokiona kikombe mkononi. Sisi tulikuja kwa chombo, kwa njia za mkato. Mwanga wa kule unakuja kwa miguu, unatumia miaka thelathini na moja njiani, ndiyo maana ukitazama leo unaona mambo ya wakati ule. Kila kijiwe hupewa dakika tano kwa zamu. Wenzetu wa Lango la Kwanza walitazama nyota zikizaliwa. Sisi tumeomba kutazama goli.

Goli lenyewe ni la fainali ya mtaa. Refa, ambaye siku hizi ni fundi wa mabomba ya hewa, ndiye aliyelikubali. Kipa, ambaye sasa anashona nguo za kutokea nje kusiko na hewa, anaapa kwamba aliudaka mpira kabla haujavuka mstari. Tena Kipa ni kaka wa mke wa Refa, kwa hiyo ugomvi huu umefika mpaka mezani kwao. Wamekubaliana: leo saa nne asubuhi, atakayeumbuka atakiri mbele ya watu, kisha atahama kijiwe. Mimi roho iliniuma tangu nawasha jiko, maana akiondoka mmoja wao hiki si kijiwe tena, ni benchi tu.

— Leo utajua hujui, shemeji, — alianza Kipa. — Anza kufungasha.

— Nifungashe nini? Nilikuwa hatua tatu tu kutoka golini! Filimbi ilijaa maji nikaipuliza hivyo hivyo. Mwenye wasiwasi hapulizi filimbi yenye maji.

— Na mimi nilikuwa nimelala kwenye tope, mpira nimeukumbatia kama mtoto mchanga!

Hapo Profesa akaweka kikombe chini. Huyu kazi yake ni kujaza mitungi ya hewa, na hajawahi kufundisha hata kuku.

— Mnabishana bure. Darubini ile inamwona kiroboto mgongoni mwa mbuzi. Kiroboto akiwa mjamzito, inakuambia miezi mingapi.

— Acha uongo, Profesa.

— Mwulize yeyote aliyeingia! Ila mwanga ukijua unatazamwa na watu wengi, unaona haya. Mpira unaweza ukarudi nje ya mstari kwa aibu.

— Si ndicho ninachokihofia! — Refa alidakia. — Mwanga wa miaka yote hiyo umeshachacha kama maziwa. Kilichokuwa ndani kinaweza kuonekana nje.

— Ahaa! Ameanza kujitetea mapema!

— Nani anajitetea? Wewe juzi ulimshonea suruali mtu wa zamu ya darubini. Bure! Kwa nini?

— Ilikuwa imempasuka!

— Ikampasuka wiki ya goli letu?

— Hayo madogo, — alisema Profesa. — Kubwa ni hili. Sisi tukimtazama Kipa wa siku ile, atahisi. Shingo itamwasha, atainua macho kuangalia nani anamtazama, na hapo hapo atafungwa. Yaani goli mnalolitafuta mtakuwa mmelifunga ninyi wenyewe, leo.

Kipa akajishika shingo.

— Kweli iliniwasha, — alisema polepole.

— Mmesikia? Kwa hiyo liliingia! — Refa aliruka, kahawa ikamwagikia viatu vyangu.

Muda wote huo kulikuwa na mama mmoja amesimama na ndoo yake, anasubiri nimmiminie. Ni mgeni, ameletwa juzi kufuta kioo cha darubini.

— Samahani, wazee wangu, nauliza tu. Darubini si itaangalia uwanja kutokea juu?

— Ndiyo, dada, juu kabisa.

— Sasa siku hiyo hakukuwa na mawingu?

Miaka yote Refa na Kipa wametusimulia ile mvua, filimbi iliyojaa maji, tope mpaka magotini, na hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kufikiria kwamba mvua huja na mawingu. Profesa alianza kuhesabu vidole bila sababu.

Kipaza sauti kikaita: «Lango la Pili, dakika zenu tano!»

Hakuna aliyeinuka.

— Ilinyesha kweli kweli siku ile, — alisema Refa.

— Tangu alfajiri, — alijibu Kipa. — Hivi shemeji, mvua umeiona lini mara ya mwisho?

— Nitaionea wapi huku?

Kipa alisimama, akamshika mkono.

— Haya, twende tukaitazame.

Tukapanda wote, na yule mama na ndoo yake. Hatukuona uwanja, hatukuona mpira. Tuliona wingu zito, kumbe kwa juu ni jeupe, limeufunika mji mzima, linasogea taratibu. Refa alilia waziwazi. Mimi pia nililia, na sioni haya kusema.

Tuliporudi, kila mtu alikaa pale pale anapokaa siku zote.

— Mpira ulikuwa ndani, — alisema Refa, akipenga kamasi.

— Ulikuwa mikononi mwangu, — alisema Kipa.

Nilifurahi. Nikaongeza maji kwenye birika.