Ubeti wa Mwizi wa Kahawa

Kwenye Hiace ya kutoka Vwawa, askari magereza aliwasifia kwa abiria jirani yake wafungwa wanaochana hip hop, utadhani anasifia ng'ombe wake wa maziwa. "Mmoja aliiba kahawa ya mama mmoja wa Isansa. Ubeti wake wote ni huyo mama aliyemtolea ushahidi."

Mama mwenyewe, Rozi, alikuwa nyuma yao. Akajifunika kanga hadi puani.

"Anamtukana?" abiria akauliza.

"Anamwomba radhi. Anasema akitoka atapita kwake kwanza, kabla ya kwa mamake."

"Akafanye nini? Huyo hajabadilika, kajifunza maneno tu."

"Muulize mwenyewe. Katoka leo, yule mwenye kofia karibu na dereva."

Gari likasimama Isansa. Mwenye kofia akashuka, akashika njia ya kwa Rozi. Rozi akamwambia konda kwamba yeye hashuki.