Bwana Chaki na Ngazi ya Nyuma

Tarehe 9 Juni 1964, siku ya upepo mkali na mawingu yasiyotoa mvua, ndugu yetu alizaliwa, mtoto wa tatu wa mwashi na mshonaji. Alimaliza kidato cha nne mwaka 1982. Mwalimu wa hesabu alimtoa darasani mara mbili kwa kuchora madirisha ya majirani badala ya pembetatu. "Na haya yana pembe, mwalimu," alijitetea, akaongezewa adhabu.

Mwaka 1986 aliajiriwa kubeba taa studio. Kuanzia 1995 alitengeneza filamu zake mwenyewe kuhusu nyumba za mjini na maisha ya waliomo: sebule, ngazi, foleni za maji. Alitia alama ya chaki pale miguu ya kamera iliposimama, na kila mwezi alirudi palepale kupiga picha ileile. Wapangaji wakamwita Bwana Chaki.

Alifunga ndoa na muuguzi tarehe 11 Desemba 1993. Shemeji husema aliposwa na mtu aliyekuwa akitazama dari.

Februari mwaka huu daktari alimwambia moyo wake umechoka, akamkataza kupanda ngazi.

Jumapili, 6 Agosti 2023, alikuwa akipanga picha kumi na nne za ngazi ya nyuma ya ghorofa anamoishi dada yetu mkubwa. Mwenye nyumba alikuwa ameziba ufa kwa saruji na rangi mara tatu, hivyo wapangaji hawakuona kitu. Picha zilionyesha ukuta ukizidi kuegemea nje. Alimpigia mwenye nyumba simu. "Wewe mpiga picha, si mhandisi," akajibiwa, simu ikakatwa.

Akaenda mwenyewe, akagonga mlango mmoja baada ya mwingine. Familia kumi na tano zilitoka, nyingine zikimtukana. Dada, ghorofa ya nne, aligoma.

"Umeanza vituko vyako. Nina nguo za watu hapa. Shuka ukapumzike, na moyo wako huo!"

"Sishuki bila wewe, dada." Akavuta kiti, akaketi mlangoni.

"Yaani tufe wote kwa ukaidi wako?"

"Wa kwako."

Dada alibeba cherehani kichwani. Walishuka wakipumzika kila ghorofa. Saa kumi na dakika ishirini jioni ngazi ile ya nyuma iliporomoka pamoja na vyumba vyote vya upande huo. Hakuna aliyeumia.

Alilazwa Jumatatu mchana, akafariki Ijumaa, 18 Agosti, saa kumi na mbili na dakika arobaini asubuhi. Ameacha mjane, mabinti wawili, mjukuu mmoja, dada na kaka. Mungu ampumzishe mahali pasipo ngazi.

Jambo moja lisisahaulike. Asubuhi ile ya Jumatatu, kabla ya kukubali kupelekwa hospitali, saa mbili kasorobo alikuwa ameshika ukuta mlangoni kwa mhandisi wa jiji, mkononi picha za nyumba mbili nyingine za mwenye nyumba yuleyule, ambamo watu walikuwa bado wakiishi.