Mzee Kashindye, Chuma Chake na Maji ya Ziwa

Tarehe 30 Juni mwaka huu Mzee Kashindye Masele, mkuu wa tanuru, anastaafu baada ya kukitumikia kiwanda chetu miaka thelathini na minne. Sisi wa karakana ya boti tumeomba tuandike wasifu huu kabla watu wa tanuru hawajauharibu kwa sifa tupu.

Alianza kazi enzi ambazo kila bamba la chuma lilitoka nje ya nchi. Lilishuka Dar, likasubiri treni, na huku Mwanza boti zetu zikakaa nusu nusu mpaka mbuzi wakazigeuza zizi. Mzee na wenzake walipoanza kuyeyusha chuma chakavu na kutoa mabamba hapa hapa, mbuzi walihamishwa. Tukaanza kujiundia boti za mizigo na za doria bila kumsubiri mtu.

Ila mzee huyu anayaogopa maji kuliko moto. Kwao ni Sengerema, ukivuka tu ziwa pale Kigongo umefika. Yeye harusi na misiba yote alizungukia Shinyanga na Kahama, siku nzima barabarani, ili asipande kivuko. Mara nyingi alikuta pilau limeshaliwa.

Ikaja boti ya kwanza ya doria ya chuma chake. Wateja walishasema wazi: wakiridhika wataagiza nyingine, wasiporidhika watarudi kununua nje, na tanuru letu lizimwe. Siku ya majaribio mmoja wao akataka aliyeyeyusha chuma hicho apande naye. Mzee alikuwa amejificha nyuma ya rundo la chakavu. Wilhelmina wa kreni ndiye aliyemtoa, akamvika majaketi okozi mawili, moja juu ya jingine. Alipanda amefumba macho, akiimba nyimbo za Bagalu, ngoma ya Kisukuma, kwa sauti iliyotufikia ufukweni. Boti ilirudi kavu ndani, oda ikaja wiki ile ile, na hakuna aliyepoteza kazi. Tulimbeba juu juu hadi kantini.

Kwa kuwa sasa pale Kigongo daraja lipo, tulimwandalia lori la kumhamishia Sengerema, tukajua tumemaliza. Amekataa. Anasema vyombo ndivyo vipande lori. Yeye na mkewe, Mama Evelina, watavuka kwa boti, na safari hii anataka kuliona ziwa.

Asante sana, Mzee wetu. Uzee wako uwe wa raha na pilau la moto. Majaketi yote mawili yapo, Wilhelmina ameshayafua.