Sahihisho la Chaki Nyekundu la Mwalimu Wendelini

Baba Paroko, wazee wetu, majirani wa Bombambili, walimu wenzake na marehemu, na ninyi mliosafiri tangu jana kutoka Lusewa, tumsifu Yesu Kristo, na kwa ndugu zetu Waislamu mlioketi upande wa geti, asalaam aleikum. Kwa asiyenifahamu, naitwa Ekaristia, mtoto wa tatu wa marehemu, na haya ninayowasomea ameyaandika marehemu mwenyewe kwenye daftari, tarehe zote kazihakiki kwa mkono wake, mimi nimeongezea yale ambayo aliona aibu kuyaandika. Ameacha agizo moja, kwamba mwishoni lisomwe sahihisho, na lisomwe Fundi Majidi akiwa anasikia. Fundi Majidi ni huyu fundi cherehani wa ng'ambo ya barabara, ambaye kwa karibu miaka tisa hakuwa amekanyaga uwanja huu. Baba Mkubwa Kajetani aliona jambo hilo halifai msibani, mimi nikasema kama sahihisho halisomwi basi atafutwe msomaji mwingine, tukapandishiana sauti kidogo, Mama akaamua. Tatizo lililobaki lilikuwa moja tu, kama Majidi mwenyewe atavuka barabara.

Mwalimu Wendelini Luambano alizaliwa Lusewa, wilaya ya Namtumbo, tarehe 3 Machi 1952, akiwa mtoto wa nne kati ya watoto saba wa Mzee Saimon Luambano na Mama Suzana, wakulima wa tumbaku na mahindi, wote wawili wametangulia mbele za haki. Bibi Suzana alikuwa anasema tu kwamba Wendelini alizaliwa wakati wa kuchuma tumbaku, lakini marehemu hakuridhika na jibu hilo, akiwa kijana akatembea kwa miguu hadi misheni kuomba waangalie kitabu cha ubatizo, akarudi na tarehe yake imeandikwa kwenye kiganja, na hakunawa mkono ule hadi alipopata karatasi.

Alianza shule ya msingi huko huko Lusewa mwaka 1960, na mwaka 1964 ndipo lilipotokea jambo lililomfanya awe huyu tuliyemjua. Padre mmoja mzee aliyekuwa akihama alimpa kitabu kinene cha maarifa ya dunia, kisicho na jalada, chenye kurasa zilizochanika nyingi kuliko zilizo nzima. Kwenye kitabu hicho alisoma kwamba pweza ana mioyo mitatu, lakini ukurasa uliofuata haukuwepo, kwa hiyo alikaa miaka kumi na minane akijua idadi bila kujua sababu, mpaka siku alipokutana na mwalimu wa sayansi aliyemweleza kwamba miwili inasukuma damu kwenye matamvua anayopumulia na mmoja unahudumia mwili mzima. Alitusimulia siku hiyo mara nyingi kuliko alivyotusimulia siku ya harusi yake, Mama yupo hapa, atanikosoa kama nasema uongo. Kitabu kile ndicho kilichomtoa shamba la tumbaku kikamfikisha chuo cha ualimu, alichohitimu tarehe 30 Novemba 1973, naomba mkikumbuke kitabu hicho maana nitakirudia.

Alifundisha shule za msingi katika wilaya za Tunduru, Namtumbo na Songea kwa miaka thelathini na minane, akastaafu tarehe 3 Machi 2012. Wanafunzi wake mliopo hapa, na naona wengine mna mvi, mnajua kipindi chake kilivyoanza: kabla ya hesabu lazima jambo moja la kushangaza, kwamba twiga pamoja na shingo yote ile ana mifupa saba tu ya shingo sawa na wewe unayelalia dawati, au kwamba vita vifupi kuliko vyote vilipiganwa hapa kwetu, Zanzibar, mwaka 1896, vikaisha kabla ya saa moja kutimia. Mtoro mmoja wa Nalasi aliniambia jana kwamba alikuwa anahudhuria asubuhi kusikia jambo hilo, halafu anatoroka.

Tarehe 24 Juni 1978 alifunga ndoa takatifu na Mama yetu, Lidwina, na Mama anasema kijana huyu alipokuja kwao kujitambulisha, badala ya kusema habari za ng'ombe na shamba, aliwaeleza wazee kuwa kipepeo anaonja chakula kwa miguu, wazee wakatazamana, babu akauliza kama kijana ana homa. Mungu aliwajalia watoto watano: Sixbert, Oliva, mimi, Esteria, na Aidan aliyetangulia mwaka 1985 akiwa na miezi minane, na wajukuu kumi na mmoja.

Sasa nije kwenye ubao. Tarehe 2 Julai 2012, miezi minne baada ya kustaafu, alipoona kukaa bure kunamtesa, aliegesha ubao mweusi nje ya geti, na tangu siku hiyo, kila siku saa tatu asubuhi, aliandika jambo moja la ajabu kwa chaki nyeupe, nanyi bodaboda mkawa mnapunguza mwendo kusoma. Akikosea, kesho yake aliandika juu kabisa, kwa chaki nyekundu, neno SAHIHISHO, halafu kosa lake na jina la aliyemkosoa, hata kama ni mtoto wa darasa la pili. Alisahihisha hivyo mara ishirini na sita, daftari lina orodha, na alijivunia ile orodha ya makosa kuliko cheti chake cha ualimu.

Kibaraza cha nyumba yetu, tangu mwaka 1994, kilikuwa na cherehani ya Fundi Majidi, mzaliwa wa Nalasi, mtu aliyeshona sare zetu zote za shule na suti ya Baba ya kustaafu. Sisi tulimwita Baba Mdogo, na yeye na Baba walitaniana kuanzia chai ya asubuhi, huyu akimwita mwenzake mla korosho, yule akimjibu mla vumbi la chaki, mpaka mgeni angedhani wanagombana. Siku walipogombana kweli hapakuwa na kelele.

Ilikuwa tarehe 19 Agosti 2016. Ubaoni Baba alikuwa ameandika kwamba Ukuta wa China ndicho kitu pekee kilichojengwa na binadamu kinachoonekana kwa macho kutoka mwezini, jambo ambalo alilisoma utotoni kwenye kile kitabu cha padre. Majidi akaweka mkasi chini, akauliza ukuta huo una upana gani, Baba akajibu kama barabara hii. Majidi akasema, kwa upole tu, kwamba basi haiwezekani, maana uzi hata ukiutandika kutoka hapa hadi mtaa wa Lizaboni, ukirudi nyuma hatua chache huuoni, jicho halishiki urefu peke yake, linataka na upana. Vijana wa bodaboda wakacheka, wakasema leo Mwalimu kapatikana. Na Baba yangu, niliyempenda kuliko nitakavyoweza kusema hapa, akajibu mbele ya watu wote kwamba fundi aliyeishia darasa la nne asimfundishe mwalimu, arudi kwenye vifungo vyake.

Jamani. Majidi aliuchukua mkasi wake. Alimalizia pindo la gauni alilokuwa analishona, akalikunja, akabeba cherehani, mkewe Mwanaheri akabeba meza, wakavuka barabara hadi kibaraza cha duka la Mama Benigna, na hapo wamekaa mpaka leo.

Mwaka 2018 kaka Sixbert alimletea kitabu kipya cha anga, na ndani yake iliandikwa wazi kwamba kutoka mwezini ukuta ule hauonekani, kwa sababu ile ile ya upana. Baba akatafuta vitabu vingine viwili, vyote vikasema hivyo hivyo. Nilimwona akichukua chaki nyekundu, akasimama mbele ya ubao muda mrefu, akairudisha mfukoni. Alifanya hivyo mara nyingi mno. Kusema kwamba kitabu cha padre kilimdanganya kulimuuma, lakini lililomshinda ni lile neno la vifungo, ambalo ubao haukuwa umeliandika na kwa hiyo hakujua alifute vipi. Baba alikuwa na kiburi, Baba Mkubwa nisamehe, lakini yeye mwenyewe ameandika hivyo kwenye daftari, kapigia na mstari. Kitu alichoweza kufanya ni kuugeuza ubao. Zamani ulitazama wanaotoka stendi, akaugeuza ukatazama ng'ambo, moja kwa moja kwenye cherehani, na nyinyi bodaboda mkalalamika kwamba mnavunjika shingo, sasa mjue sababu.

Mwezi Novemba 2023 marehemu alianza kupungua mwili, akagundulika kuwa na saratani ya tumbo, akatibiwa hapa Songea kwa kulazwa na kuruhusiwa, na kila aliporuhusiwa saa tatu asubuhi ilimkuta ubaoni, nikimshikia kiti. Mara ya mwisho kuandika ilikuwa tarehe 30 Mei mwaka huu, 2025, akaandika kwamba siku moja ya sayari ya Zuhura ni ndefu kuliko mwaka wake, kwani inajizungusha polepole kwa siku zetu mia mbili arobaini na tatu. Kesho yake wodini akaomba kalamu, akapiga hesabu, akaniambia kwamba tangu siku ile ya ukuta, kwa kuhesabu kwa Zuhura, ni siku kumi na tatu tu na kidogo zimepita, na mtu aliyenuniana na mwenzake siku kumi na tatu bado anaweza kuomba radhi bila kuonekana kichaa. Nikamwambia nimwite Majidi sasa hivi. Akakataa, akasema atatoka, atavuka mwenyewe kwa miguu yake. Hakutoka. Alifariki tarehe 11 Juni, saa kumi na mbili na robo asubuhi, Mama akiwa amemshika mkono.

Jana tulipotaka kumvalisha, ile suti ya kustaafu ilimmeza, mabega yamemning'inia, Mama akalia upya. Wakati huo huo Mama Benigna akaingia na kifurushi kilichofungwa kwenye khanga, akasema katumwa na fundi. Ndani mlikuwa na suti ya bluu nzito, mpya, mabega membamba, kiuno kimeingizwa, mikono mifupi kidogo kama alivyokuwa anapenda ili chaki isichafue. Hakuna mtu aliyekuwa amempima Baba tangu mwaka 2012, na mwili wa mwaka ule na mwili huu ni watu wawili. Mama akauliza vipimo vimetoka wapi. Mama Benigna akasema fundi alikuwa anamtazama kila siku saa tatu, na kila alipoona amepungua aliandika vipimo upya kwa jicho. Mtakapopita kutoa heshima za mwisho mtaona wenyewe, suti imemkaa.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, waliovumilia kuulizwa maswali ya pweza wakati wa kuchomwa sindano, majirani mliopika na kuchota maji siku zote tatu, walimu wenzake, jumuiya ndogo ndogo, bodaboda wa kijiweni mliobeba viti, na Mama Benigna. Baba Mdogo Majidi, ninakuona hapo mwisho karibu na geti, shikamoo. Mama anasema kibaraza chako kimefagiliwa.

Nasoma sasa sahihisho la ishirini na saba, kama lilivyoandikwa, kwa wino mwekundu:

SAHIHISHO. Tarehe 19 Agosti 2016 niliandika kwamba Ukuta wa China unaonekana kutoka mwezini. Si kweli. Aliyenikosoa ni Majidi, fundi, akitumia uzi. Siku hiyo hiyo nilisema neno kuhusu vifungo. Nalo si kweli, na hilo ndilo kosa langu kubwa kuliko yote ishirini na saba. Majidi, ubao nimeugeuza ili uusome, mdomo ndio ulionishinda.

Pumzika kwa amani, Baba. Nimelisoma lote, na Baba Mdogo amevuka barabara, amesikia.