Siyo Uzee: Wasifu wa Marehemu Mama Vitambaa

Marehemu, ambaye wengi wenu mlimjua kama Mama Vitambaa, alizaliwa tarehe 14 Machi 1952, mtoto wa pili wa mshona magunia. Alisoma hadi darasa la saba. Ada ya kuendelea haikupatikana, naye hakukaa kulilia jambo hilo.

Alianza kwa kutembeza vitambaa begani, akaishia na duka la milango miwili mkabala na kituo cha mabasi. Akisugua pindo kwa vidole viwili tu, alijua pamba ni ipi na nailoni ni ipi. Mumewe, fundi cherehani, alimpata akibishana naye bei ya bitana. Walioana mwaka 1975, bitana hakupunguziwa. Mume alitangulia mwaka 2009.

Mama yake mzazi alipotewa na kumbukumbu hadi akafa. Dada yake naye vivyo hivyo, hata sabini hajafika. Misiba yote miwili iliandikwa "uzee." Mwaka 2016 marehemu alipoanza kupotea njia ya dukani kwake, alikwenda kupimwa. Daktari alimwambia ni Alzeima, na kwamba amerithi aina ya jeni inayoongeza hatari yake, nakala moja kwa baba, nyingine kwa mama.

"Na wanangu?"

"Kila mmoja amepata nakala moja kwako, mama. Lakini hatari siyo hukumu. Wengi wanayo na hawaugui."

"Ya wanangu ipunguze, daktari."

"Ningeweza, ningekupa bure."

Aliporudi aliwaita watoto. "Mkinizika, msiniandikie uzee. Mtu anunue akijua doa liko wapi."

Mwishoni hakumjua hata kifungua mimba wake, aliyekuwa akimlisha kwa kijiko. Siku moja alimshika kola, akaisugua. "Nailoni hii, dada. Wamekupiga."

Kisha akasahau kumeza. Alifariki nyumbani, asubuhi ya tarehe 9 Juni 2024.

Mdogo wake wa kiume aliomba iandikwe uzee, kwa kuwa mjukuu anachumbiwa. "Wakwe watasema damu yetu mbovu."

"Mjomba, mama alishasema," kifungua mimba alimjibu. "Wakikimbia, waende."

Ameacha watoto watatu, wenye nakala moja angalau kila mmoja. Wajukuu saba, ambao huenda wanayo, huenda hawana. Na mdogo wake huyo, ambaye hajapima, na ndiye anayewasomea haya.

Kilichomwua ni Alzeima. Wakwe wamesikia. Sasa Mama Vitambaa na apumzike kwa amani, deni lake tumelilipa.