Mpira Ulionikuta Nje ya Wavu

Ndugu zangu, amani ya Bwana iwe nanyi. Mchungaji ameniomba nisitaje jina la mtu. Nitalitaja. Ni Mulumba, yule pale benchi la tatu, mwenye shati la bluu.

Mimi ni fundi cherehani, hapa mtaani Turffontein. Shule niliishia darasa la nne, kwetu Bukavu. Mwaka jana vyuo vidogo vya nchi nzima vilikuja Randburg kushindania ubingwa wa besiboli. Mchezo ule mtu anapiga mpira kwa rungu, anakimbia, anajitupa chini kwa tumbo. Suruali zinachanika sana. Mulumba alikuwa msimamizi wa vibarua, akaniita nizishone palepale.

Nikaweka cherehani nyuma ya wavu unaozuia mipira isipige watu. Siku ya fainali akaja.

"Mama, sogea kule, unawaharibia wapiga picha."

"Kule hakuna wavu, kaka."

"Eish, mama! Mpira ukutafute wewe, una nini?"

Nikasogea. Ukanitafuta. Ulinipiga jicho la kushoto nimeinama natia uzi. Mchezo ukasimama kidogo, ukaendelea. Kombe likapata mshindi. Jicho langu likatolewa. Mulumba hospitali hakufika hata siku moja.

Ndugu zangu, nawaambia, jicho moja linadanganya. Unaona tundu la sindano liko hapa, uzi unapita pembeni. Nilijishona kidole mara mbili. Nikafunika cherehani kwa shuka. Miezi minne nimekaa tu, namngoja Mulumba aje kusema pole, na watoto wanakula kwa majirani.

Aliyekuja ni Mama Chantal, msusi, Mrundi wa mlango wa pili. Akavuta shuka.

"Mimi nasuka huku naangalia televisheni na kusengenya watu. Kichwa cha mteja sikitazami. Wewe vidole vyako ni mapambo?"

Akanifunga macho yote mawili kwa kitambaa, akanipa sketi yake kuukuu nikunje pindo. Nilishona nikilia kwa hasira, maana alikuwa anacheka. Nilipofungua, pindo limepinda kama njia ya mbuzi. Kesho yake likapinda kidogo. Wiki ya tatu likanyooka. Sasa tundu la sindano nalitafuta kwa kucha.

Asante, Mama Chantal. Asanteni mliolisha wanangu. Mulumba, bado sijakusamehe. Siku nikikusamehe nitakuja kwako, si hapa mbele za watu. Ninyi wengine, aliyewaumiza msimngoje aje kuwaponya. Mtaozea kitini.

Na gauni alilovaa mama mchungaji leo, nimelishona mimi. Mama, simama. Geuzeni pindo, mkague.