Uliona au Ulionyeshwa: Maisha ya Fundi Kitasa

Huyu tunayemsindikiza leo alikataa kusifiwa. Alimwagiza binti yake mkubwa, anayewasomea maneno haya, kwamba jambo la mahakamani lisirukwe. "Mkiliruka," alisema, "nitageuka humo jenezani mpate kazi ya kunigeuza tena." Basi halitarukwa.

Marehemu, ambaye wengi mlimjua kwa jina la Fundi Kitasa, alizaliwa tarehe 9 Machi 1951 katika nyumba za wafanyakazi nyuma ya karakana ya treni, mtoto wa tatu wa mtunza bohari. Dada yake, shangazi yetu aliyeketi hapa mbele, anasimulia kwamba akiwa mdogo alifungua kabati la sukari kwa msumari, akalamba mpaka akatosheka, kisha akalifunga vizuri hata aliyechapwa akawa dada mtu. "Viboko vyangu hajavirudisha mpaka leo," anasema shangazi.

Alimaliza darasa la saba mwaka 1965, akajiunga na chuo cha ufundi kusomea uchomeleaji. Uchomeleaji ulimshinda kwa sababu ya macho. Mwalimu wake akamhamishia kwenye vitasa, ambako fundi husikiliza zaidi kuliko kutazama. Mwaka 1972 alifungua kibanda cha kuchonga funguo ubavuni mwa duka la dawa, na hapo alikaa maisha yake yote ya kazi.

Alifunga ndoa Juni 1978. Walijuana hivi: mama yetu alikuja kibandani akilia kwamba amepoteza ufunguo wa chumba. Fundi akaenda, akafungua, akalipwa. Wiki iliyofuata mama akapoteza tena. Siku hizi akiulizwa, mama hucheka na kusema, "Ufunguo wa pili ulikuwa mfukoni." Walijaliwa watoto wanne.

Oktoba 1994 askari walimfuata kibandani. Walikuwa wamemkamata kijana dereva wa gari la mikate kwa tuhuma za kuuza unga, yaani dawa za kulevya, na ufunguo wa chumba chake ulikuwa umebaki kazini kwake, kiwanda cha mikate. Hawakutaka kuungoja. Fundi alipofungua mlango wakamwambia, "Usiondoke, mzee. Wewe ndiye shahidi huru." Shahidi huru ni mtu asiye askari wala ndugu wa mtuhumiwa, anayesimama kuona upekuzi unavyofanyika. Sheria humtaka awepo ili macho ya raia yawemo chumbani. Kabla ya kuingia, askari nao walitakiwa kugeuza mifuko yao mbele yake, ionekane hawaingii na kitu. Hakuna aliyegeuza, naye hakuuliza.

Ndani wakamwambia afungue kufuli la sanduku. Akainama, mgongo wake ukielekea kitandani. Nyuma yake sauti ikaita, "Fundi, ona!" Alipogeuka, kifurushi kilikuwa tayari kwenye kiganja cha askari. "Kilikuwa chini ya godoro," askari akasema. Dereva, akiwa na pingu, akamlilia: "Mzee, si ulikuwa umeinama? Waambie basi ulikuwa umeinama!" Marehemu aliwaza wateja waliomngoja, aliwaza na kazi anazopewa na kituo cha polisi. Akatia sahihi kwenye hati ya upekuzi.

Mahakamani wakili wa dereva alimuuliza kifurushi kilitoka wapi. Jibu la kweli lilikuwa "nilionyeshwa." Yeye akajibu, "Niliona kikitoka chini ya godoro." Dereva akafungwa miaka kumi.

Baba alikonda. Alizunguka mtaa mzima asipite mbele ya kiwanda cha mikate, na mkate wenyewe akaacha kuula. Sisi watoto tulidhani ni tumbo.

Mwaka wa tatu wa kifungo, mama yake dereva alikuja kibandani kuchongesha ufunguo wa chumba cha mwanawe, ambacho alikuwa akikilipia ili mwanawe akitoka akute pa kufikia. Fundi alipokuwa akichonga, yule mama akasema taratibu, "Mwanangu anasema ulikuwa umeinama." Fundi akaharibu ufunguo ule, akaharibu na wa pili. Aliporudi nyumbani akamweleza mkewe yote. Mama yetu hakumbembeleza: "Unamfungia mtoto wa mwenzio kwa mdomo wako, halafu unaniomba mimi pole?"

Alikwenda kwa wakili wa dereva. Wakili akamwonya kwamba kula kiapo kipya ni kujikaanga kwa mafuta yake mwenyewe, kwani angeweza kushtakiwa kwa kusema uongo. Akala kiapo. Rufaa ikajikokota. Mwishowe majaji walikubali kiapo chake, wakasema pia kwamba kifurushi hakikufungwa kwa lakiri mbele ya mtuhumiwa, wala haikujulikana kilikaa mikononi mwa nani kabla ya kufika kwa mkemia aliyeupima unga. Dereva akaachiwa mwaka 2000. Mama yake alikuwa ametangulia mwaka mmoja kabla.

Marehemu alimfuata kuomba radhi. Dereva alimjibu, "Mzee, umesema. Lakini nimetoka mama ameshazikwa." Watu walipomdodosa kama ule unga kweli ulikuwa wa dereva, marehemu alijibu hivi siku zote: "Sijui. Ninachojua ni kwamba sikuona."

Tangu hapo, askari wakimwita, aliweka mikono kiunoni mlangoni: "Kwanza geuzeni mifuko." Wakatafuta fundi mwingine. Nyumbani tulikoma. Ukimshtaki mwenzio kwamba kala nyama, baba anauliza, "Uliona au ulionyeshwa?"

Figo zilianza kumsumbua mwaka 2019. Hata wodini, muuguzi aliyemwambia amelala vizuri aliulizwa swali hilo hilo. Alifariki Jumanne iliyopita alfajiri, mkono wake ukiwa mkononi mwa mama.

Ameacha mjane, watoto wanne, wajukuu saba na dada yake. Tulimpigia simu dereva kumpa habari ya msiba. Akauliza, "Na lile mtalisoma?" Tukasema ndiyo. "Basi nitakuja nisikie." Amekuja, amesimama pale nyuma. Hatukumuuliza kama amesamehe, maana si swali letu.

Kaka uliyesimama pale nyuma, uongo ulisemwa mbele ya watu, na marehemu ameagiza kweli nayo isemwe mbele ya watu: hakuona. Wewe ulisema kweli tangu siku ile.

Mwenyezi Mungu ampokee, naye apumzike.